Gemu ya Mustafa na mafaili yasiyoonekana

Wanaonijia na kompyuta kwapani wakilalamika kwamba gemu zao za zamani hazifunguki, karibu wote wameshafanya jambo moja kabla ya kufika kibandani. Wameipakua gemu ile ile kutoka pahala tofauti, wameifuta, wameipakua tena, na kila mara wamepata jawabu lile lile: mafaili yanayohitajika hayapo. Ukiwauliza ni faili gani lisilokuwapo, wanakutazama tu. Hawakusoma. Maandishi yalikuwa mengi, ya Kiingereza, yamejaa namba, wakabonyeza OK.

Mimi ni fundi wa simu na kompyuta, Mlandege, mjini Unguja. Kinachonilisha ni vioo vya simu na betri, hizi gemu ni mapenzi tu. Nazungumzia zile gemu za mashine kubwa za kutia sarafu, unazocheza umesimama, ambazo leo zinachezeka kwenye kompyuta au simu kwa programu inayojifanya ndiyo mashine yenyewe. Programu hizo huitwa emuleta, na kubwa yao ni MAME, iliyotolewa mara ya kwanza Februari 1997 na Mtaliana Nicola Salmoria. Emuleta haiji na gemu. Gemu unaitafutia wewe, na hapo ndipo matatizo yanapoanzia.

Ami mmoja aliyekulia Ruwi, Muscat, akarejea Unguja ukubwani, aliniwekea kompyuta yake mezani.

“Shikamoo ami.”

“Marahaba mwanangu. Nataka Mustafa.”

“Mustafa gani?”

“Mustafa wa madinasauri, bwana! Yule wa mateke. Ninayo hapa, lakini imegoma.”

Gemu ile jina lake halisi ni Cadillacs and Dinosaurs. Capcom wa Japani waliitoa mwaka 1993, na hadithi yake imetoka kwenye vibonzo vya Mmarekani Mark Schultz, Xenozoic Tales. Wahusika ni wanne, mmoja wao fundi mwenye mbio anayeitwa Mustapha Cairo, na kwa vijana wengi wa nchi za Kiarabu hapakuwa na haja ya jina jengine: mwenye jina la kwao ndiye mwenye gemu. Kwa hivyo ami alikuwa na faili linaloitwa mustafa.zip, na aliyempa hakumdanganya. Ila MAME haimjui Mustafa. Kwenye orodha yake gemu hiyo inaitwa dino, basi. Ukiiwekea dino.zip inaangalia ndani. Ukiiwekea mustafa.zip, au Cadillacs.zip, au jina refu zuri lenye mwaka na nchi, inapita kama haikuona kitu.

Nikabadilisha jina. Gemu haikufunguka, lakini safari hii kulikuwa na cha kusoma. Ikatoka mistari kadhaa, na wa kwanza nilioushika ni huu:

iob1.12d NOT FOUND (tried in dino)

Mstari huo una mambo matatu. Mwanzo ni jina la faili linalotakiwa. Katikati ni kosa lenyewe: halikuonekana. Mwisho, ndani ya mabano, ni pahala lilipotafutwa, yaani ndani ya dino.zip. Hapo nimeshajua mengi. Najua kwamba dino.zip imeonekana na imefunguliwa, kwa sababu mafaili mengine mengi hayakulalamikiwa. Najua kwamba folda ni sahihi. Najua kwamba kinachokosekana ni kipande, gemu nzima ipo. Mtu anayeanza tena kupakua kila kitu kwa mstari kama huo anajichosha na anamaliza bando.

Nikamwonyesha ami ukubwa wa faili lile: baiti 279. Gemu yenyewe ni megabaiti kadhaa, picha peke yake zinafika nne.

“Sasa hizo baiti mia mbili na kitu ndizo zinanizuia mie?”

Ndizo. Na ili kuelewa kwa nini, inabidi kujua zipu ile ina nini ndani, maana wengi wanadhani ni gemu iliyokunjwa tu kama zinavyokunjwa gemu za kompyuta.

Tuchukue gemu ndogo ambayo kila mtu anaijua. Mwaka 1980 Namco wa Japani walitoa Puck Man, na Midway wakaiuza Marekani kwa jina la Pac-Man. Ndani ya kabati lile la mbao mlikuwa na bodi, na juu ya bodi chipu zilizohifadhi gemu. MAME haikuzichanganya chipu hizo zikawa faili moja. Kila chipu imesomwa peke yake ikawa faili lake, na likapewa jina linaloonyesha chipu ilikaa wapi. Kuna pacman.6e, pacman.6f, pacman.6h na pacman.6j. Hizo namba na herufi za mwisho ni safu na mstari wa kwenye bodi, hivyo mtu mwenye bodi halisi mezani anaweza kuweka kidole juu ya chipu na kusema ni hii. Nne hizo ndizo programu, kilobaiti nne kila moja. Pacman.5e na pacman.5f ni picha. Halafu kuna vijichipu: 82s123.7f, ambayo ni baiti 32 tu na ndimo zilimo rangi zote za gemu, 82s126.4a, inayosema picha gani ivae rangi gani, 82s126.1m, ya sauti, na 82s126.3m, nayo iko upande wa sauti. Hayo majina yanayoanza na 82s ni namba za chipu zenyewe kama zilivyotoka kiwandani. Jumlisha vyote hivyo na hufiki kilobaiti 25. Ndiyo Pac-Man nzima, ile iliyozunguka dunia.

Kwa hivyo faili likikosekana, maana yake kuna chipu haipo kwenye bodi. Ukiitoa chipu ya rangi kwenye mashine ya kweli, unategemea nini?

Iob1.12d la ami nalo ni chipu, lakini si ya programu wala ya picha. Ni chipu ndogo ya mantiki inayosaidia sehemu za bodi kuelewana. Gemu inaweza kuchezwa kwenye emuleta bila ya yaliyomo ndani yake, na kwa miaka mingi ilichezwa hivyo hivyo, kwa sababu chipu hizo zilikuwa hazijasomwa. Baadaye watu wakazisoma, orodha ikaongezwa, na kuanzia hapo MAME ikazidai. Zipu ya ami ilitengenezwa kabla ya siku hiyo. Haikuharibika, wala haina kirusi. Imepitwa na orodha.

Hapa wengi wanakasirika, na mimi nawaelewa. Kwa nini programu ikatae kitu kinachochezeka? Lakini waliotengeneza MAME hawakuwahi kuficha kwamba lengo lao la kwanza si sisi kucheza. Lengo ni kuhifadhi: kuandika kila mashine ilikuwaje, chipu kwa chipu, kabla hazijaoza zote. Kwamba gemu zinachezeka, kwao hiyo ni faida ya pembeni. Ukikubali kwamba umeingia makumbusho wala si ukumbi wa gemu, ukali wake unaanza kuwa na maana. Kuna emuleta nyengine zisizo na ukali huo, lakini nazo zina orodha zao.

Turudi kwenye yale mabano, maana ndiyo yenye msaada mkubwa kuliko yote na ndiyo yasiyosomwa na mtu. Mara nyingi utaona majina mawili ndani yake. Kwa Pac-Man inaweza kuwa hivi:

82s123.7f NOT FOUND (tried in pacman puckman)

Emuleta imetafuta ndani ya pacman.zip, haikuona, ikaenda ndani ya puckman.zip, haikuona au zipu yenyewe haikuikuta. Kwenye orodha ya MAME, Puck Man ya Japani ndiyo gemu mama, na Pac-Man ya Marekani ni nakala yake iliyobadilishwa kidogo. Vilivyobadilika vinawekwa kwenye zipu ya nakala. Visivyobadilika, kama chipu za rangi na sauti, vinabaki kwa mama. Nakala ni mpangaji anayechota maji kwenye kisima cha mwenye nyumba: chumba anacho, ndoo anayo, kisima hana. Mtu aliyepakua pacman.zip peke yake, ikawa ni ya mtindo huu wa kugawa, hatacheza hata aipakue kutoka pahala pangapi. Anachokosa ni puckman.zip ikae pembeni yake, kwenye folda moja, bila ya kufunguliwa.

Si zipu zote zilizopangwa hivyo. Kuna wanaoweka mama na nakala zake zote kwenye zipu moja kubwa yenye jina la mama, na kuna wanaoijaza kila zipu ijitegemee, mafaili yakajirudia. Kwa mtu wa kawaida anayetaka gemu kumi za kumkumbusha ujana, mtindo wa kujitegemea ndio usio na maudhi. Unakula nafasi, lakini gemu hizi ni ndogo.

Kisha kuna mafaili ambayo si ya gemu yoyote. Metal Slug ya mwaka 1996 ilikuwa katriji iliyochomekwa kwenye mashine ya Neo Geo ya SNK, na mashine ile ilikuwa na programu yake ya kuwashia, yaani bayosi, ambayo ilitumika kwa katriji zote. MAME imeiweka kwenye neogeo.zip. Ukiona sp-s2.sp1, sm1.sm1 au 000-lo.lo vinalalamikiwa, usiiguse zipu ya gemu yenyewe, mslug.zip, haina kosa. Tafuta neogeo.zip, uiache ilivyo, isikunjuliwe. Nimeona vijana wameifungua na kumwaga yaliyomo ndani ya folda kuu, halafu wanashangaa.

Ami alikumbana na ndugu wa tatizo hilo. Mstari mmoja ulitaja dl-1425.bin, na mabano yake yalitaja qsound. Hiyo ni chipu ya sauti ambayo Capcom waliitumia kwenye gemu nyingi, hivyo nayo ikapewa zipu yake. Galaga ya mwaka 1981 ni hivyo hivyo: inataka namco51.zip na namco54.zip. Ya kwanza ilipokea sarafu na mkono wa kuchezea, ya pili ilitoa kelele za milipuko. Chipu mbili hizo zilikuwa na programu zao ndani. Kwa miaka MAME iliziigiza kwa kukisia zinavyofanya kazi. Ziliposomwa, makisio yakatupwa na mafaili yakadaiwa. Ndiyo maana mtu anasema, “Mbona Galaga yangu ilikuwa inafunguka kwenye kompyuta ya zamani?” Kweli ilikuwa inafunguka. Emuleta yake ilikuwa ya zamani vile vile.

Hilo la matoleo ndilo kubwa kuliko yote, na kuna kisa kimoja kinachoeleza vizuri zaidi kuliko maelezo yangu. Mwaka 1993 Capcom walianza kuuza mashine za CPS-2. Walikuwa wamechoshwa na watu wanaonakili bodi zao, wakaifunga programu kwa siri, na ufunguo wa siri wakauweka kwenye kumbukumbu inayolishwa na betri hapo hapo kwenye bodi. Betri ikifa, ufunguo unapotea na bodi inakuwa kipande cha plastiki. Wenye mashine waliziona gemu zao zikifa moja moja bila ya kuguswa. Waliotaka kuziokoa mwanzoni hawakuweza kuujua ufunguo. Walichoweza ni kutumia bodi ambazo bado zina uhai, wakatoa jedwali refu la kufungulia programu, gemu kwa gemu. Jedwali hilo likawa faili, na kila seti ya CPS-2 ikatakiwa iwe nalo. Kisha Januari 2007 Salmoria yule yule na mwenzake Andreas Naive wakaivunja siri yenyewe. Majedwali yakawa hayana kazi tena. Baada ya muda orodha ikaanza kudai kitu kidogo mno: faili la ufunguo, baiti 20.

Sasa mchukue mtu mwenye X-Men vs. Street Fighter, xmvsf.zip, aliyoihifadhi tangu 2004. Ndani yake mna jedwali, hamna ufunguo. MAME ya leo itaikataa: xmvsf.key haipo. Mpe jirani yake zipu mpya yenye ufunguo, aitie kwenye emuleta inayofuata orodha ya zamani. Nayo itaikataa, itauliza jedwali liko wapi. Zipu mbili, jina moja, gemu moja, zote nzima, na kila moja ni mbovu kwa mwenzake.

Na orodha za zamani bado zinatumika sana, hasa kwenye simu. Kuna MAME4droid inayofuata toleo la 0.139u1. Ndani ya RetroArch, programu inayobeba emuleta nyingi, kuna MAME 2003, inayofuata 0.78, na MAME 2010, inayofuata 0.139. FinalBurn Neo, emuleta nyengine, ina orodha yake mbali kabisa. Simu ya bei ndogo itaenda vizuri na hizo za zamani kwa sababu ni nyepesi, na mimi mwenyewe ndizo ninazompa mtu mwenye simu dhaifu. Ila swali la kwanza ninalomuuliza kila mteja ni moja: emuleta yako toleo gani? Kama hajui, hakuna cha kuzungumza mpaka tujue. Mafaili yanatafutwa kwa toleo, hayatafutwi kwa jina la gemu. Seti iliyoandikwa 0.78 ni ya MAME 2003, na ukiitia kwenye MAME mpya usiilaumu.

Kuna na vituko vya kila siku visivyo na historia yoyote. Umepakua faili mara mbili, simu ikaiita ya pili pacman (1).zip, emuleta haiijui. Umebadilisha jina kwenye Windows ambayo imeficha viambishi vya mafaili, ukaandika dino.zip wakati .zip ilikuwapo tayari, sasa ni dino.zip.zip na kwa macho huioni. Washa kwanza uonyeshaji wa viambishi, ndipo uguse majina. Kwenye Linux na simu andika herufi ndogo tupu. Zipu imefungwa ndani ya zipu nyengine, au ndani yake mna folda na mafaili yamo ndani ya folda hiyo. Kwenye Android 11 na kuendelea, programu nyingi haziruhusiwi kuangalia folda yoyote zitakayo, hivyo mafaili yako mbele ya macho yako na emuleta haiyaoni. Ipe ruhusa ya folda kwenye mipangilio, au yatie kwenye folda ambayo emuleta imejitengenezea yenyewe. Kwenye kompyuta, MAME inasoma folda iliyotajwa kwenye mstari wa rompath ndani ya mame.ini. Mwanzo inakuwa roms, pale pale ilipo programu. Ukiihamishia kwenye diski nyengine, andika njia nzima.

Jambo moja linawashangaza watu: majina ya mafaili yaliyomo ndani ya zipu hayana uzito kama jina la zipu yenyewe. MAME ikishafungua zipu sahihi inaweza kulitambua faili kwa alama yake ya hesabu, ile inayoitwa CRC, herufi na tarakimu nane zinazopigwa kutokana na kila baiti ya faili. Jina likiwa la zamani lakini yaliyomo ni yale yale, inalipokea. Ndiyo maana kulibadilisha jina faili jengine ili lifanane na linalotakiwa hakusaidii. Ujanja huo unabadilisha ujumbe tu: badala ya NOT FOUND unapata WRONG CHECKSUMS, na chini yake alama inayotarajiwa na alama iliyoonekana. Huo ni ujumbe mwengine na dawa yake ni nyengine. Faili lipo, lakini si lenyewe: limetoka toleo jengine la gemu, au lilisomwa vibaya, au upakuaji ulikatika njiani.

Na ukiona NO GOOD DUMP KNOWN, tulia. Hiyo inakwambia kwamba chipu hiyo hakuna mtu duniani ambaye amewahi kuisoma vizuri akaleta. Wewe huna kosa na huna pa kuitafuta. Gemu kwa kawaida itawaka, pengine na kasoro.

Kabla ya kuifungua gemu, naiuliza MAME yenyewe. Nafungua dirisha la amri ndani ya folda yake na kuandika mame -verifyroms dino. Inapitia zipu, inataja kila upungufu, kisha inatoa hukumu: seti ni nzuri, ni mbaya, au ni bora inayopatikana. Nikitaka kujua seti kamili inatakiwa iwe na nini, naandika mame -listroms dino, na inanitolea kila jina, ukubwa na alama. Nikiwa na faili nisilojua asili yake, mame -romident na jina la faili, nayo inaniambia ni la gemu gani. Kwa ami nilitumia hizo mbili za mwanzo, nikaiandika orodha ya vilivyokosekana kwenye karatasi pamoja na namba ya toleo, nikamrudishia. Mimi mafaili ya gemu siuzi wala sigawi, natengeneza tu. Wiki iliyofuata alirudi na flash yenye seti inayolingana na toleo lake, pamoja na qsound.zip, na tukaiona dinasauri ya kwanza pale pale mezani, wateja wa vioo wakisubiri.

Mwenye mamia ya zipu hawezi kwenda moja moja. Ziko programu za kupanga, na ya zamani inayoheshimika ni clrmamepro. Unaipa orodha ya toleo lako na rundo lako lote, inachambua kwa alama, inahamisha kutoka zipu moja kwenda nyengine, inabadilisha majina, na mwisho inakuachia orodha ya vile ambavyo kweli huna. Sura yake inatisha. Lakini jioni moja ya kuizoea inakuokoa na mwezi wa kubahatisha.

Gemu zilizokuwa na diski ndani zina nyongeza. Killer Instinct ya mwaka 1994 inataka kinst.zip na pia folda inayoitwa kinst, ndani yake kinst.chd, ambayo ni nakala ya diski ngumu ya mashine. Hiyo haifungwi kwenye zipu.

Nililomwambia ami kuhusu haki nalisema na hapa: gemu nyingi za aina hii bado zina wenyewe, hata kama mashine zimekwenda kwenye vyuma chakavu. Aliniuliza ainunue wapi basi kwa halali, na hapo alinibana. Mwaka 2018 Capcom walitoa mkusanyiko wa gemu zao saba za ngumi za mitaani, Final Fight na Captain Commando zikiwamo. Mustafa hayumo. Kwa zile zinazouzwa, nunua. Bei yake mara nyingi ni ndogo kuliko bando utakalolichoma ukitafuta vipande.

Na ziko ambazo wenyewe wamekubali zitolewe bure, zimewekwa kwenye tovuti ya MAME: Gridlee, Robby Roto, Targ, Star Fire na nyengine. Ninayoipenda ni Poly-Play. Hiyo ilitengenezwa Ujerumani Mashariki katikati ya miaka ya 1980 na kiwanda cha serikali cha VEB Polytechnik, mji wa Karl-Marx-Stadt, juu ya chipu waliyoiiga kutoka Z80 ya Wamarekani. Kabati moja lilikuwa na gemu nane ndani: kuwinda paa, kuteleza kwenye theluji, kukimbiza vipepeo, na sungura akikimbizwa na mbwamwitu, ambayo ni Pac-Man iliyovaa nguo za katuni ya Kirusi. Kwa sisi tuliokulia karibu na fleti za Kikwajuni na Kilimani, zilizojengwa kwa msaada wa nchi hiyo hiyo baada ya Mapinduzi ya 1964, kuna raha yake kuona walikuwa wakicheza nini kwao.

Lakini siipendi kwa hilo tu. Naitumia kazini. Mteja akija na gemu iliyogoma, kabla ya kugusa chochote natia polyplay.zip iliyotoka kwenye tovuti yenyewe na kuifungua kwa MAME ya karibuni. Ikiwaka, basi programu ni nzima, folda ni sahihi, ruhusa zipo, na kosa limo ndani ya zipu ya mteja; nageukia mabano. Isipowaka nayo, naiacha zipu ya mteja kabisa na kuanza na mame.ini.